Fundi Aliyeshuka na Gauni

Nipeni masikio yenu, nami niwape bahari. Si hii ya leo. Ni ile ya zamani, wakati watu wake wote walikaa juu, kwenye miamba inayopigwa na jua, na kule chini kabisa, ambako mwanga haufiki na pumzi ni haba, kulikuwa hakuna mtu. Wakati huo pweza hakuwa na wino, na ngisi hakuwa na wino. Mtu akiogopa alikimbia tu, kama sisi.

Katika nyumba moja ya mwamba waliishi ndugu watatu wa kike, laini wote, wasio na mfupa hata mmoja. Mdogo alikuwa Ngisi, mwembamba, mwepesi wa miguu na wa kucheka. Wa kati alikuwa Pweza, ambaye alijua habari za kila nyumba. Mkubwa jina lake la kuzaliwa limepotea, maana tangu utoto wake walimwita Fundi. Alikuwa mshonaji. Mistari ya yule samaki kikande aliishona yeye. Mabaka ya chewa aliyakata yeye, na chewa mwenyewe alipolalamika kwamba hayalingani, Fundi alimwambia, "Simama sawa basi, mzee, nikupime tena," na chewa hajasimama sawa mpaka leo.

Bibi yangu, Bi Mize, aliyenipa hadithi hii huku anashona, akifika hapa alikuwa anaikata kwanza. Ananyoosha uzi, anautazama, anasema, "Watatu, tumbo moja, na hakuna aliyemchukia mwenzake. Likumbukeni hilo." Kisha anaendelea.

Fundi aliwavisha maharusi wengi. Wengine walikuwa watoto aliowabeba mgongoni. Kila harusi alikaa nyuma ya pazia na pini zake, anakaza hapa, analegeza pale, na ngoma ikianza yeye alikuwa anaokota vipande vya nguo chini. Alikuwa na desturi ya washonaji wote: pini alizichomeka kwenye nguo yake mwenyewe, upande wa ndani, zisipotee. Alijiambia kwamba siku yake itafika. Yeye ndiye mkubwa, na katika nyumba ile, kama katika nyumba zetu, mdogo hakupita mlangoni kabla ya mkubwa.

Siku moja akaja Shangazi Kasa, aliyekuwa mshenga na msimamizi wa maharusi wote wa upande ule. Alikuja na haraka ya mtu mwenye safari nyingine mbele.

"Fundi, mwanangu, mwana wa Sulisuli anaoa nyumba hii. Tunataka gauni. Lisiwe la mchezo."

"La lini, shangazi?"

"Mwezi ukijaa mara ya pili."

Ni hayo tu. Shangazi hakutaja jina la bibi harusi, na Fundi hakuuliza. Angeuliza nini? Mkubwa wa nyumba akiulizwa gauni la harusi ya nyumba ile, atauliza la nani? Pweza alikuwa mlangoni na alijua. Alifungua mdomo, akamwona dada yake uso unavyong'aa, akaufunga. Bi Mize alikuwa akimlaumu Pweza kuliko wote. Mimi simlaumu sana. Habari ya namna ile nani anataka kuwa wa kwanza kuisema?

Basi Fundi akajipima. Alipima shingo yake, kifua chake, mikono yake minane. Alichukua kitambaa cha rangi ya zambarau iliyoiva mpaka ikakaribia kuwa nyeusi, akashona gauni moja lisilokatika, linaloshuka kutoka shingoni na kuunganisha mkono na mkono mpaka karibu na ncha, hata akinyoosha mikono linafunguka lote kama mwavuli. Ndani alichomeka pini zake, safu kwa safu, ili akimaliza kila mshono achomoe moja. Alishona huku anaimba. Ngisi alikuja kumtazama mara nyingi, akaligusa gusa lile gauni, akasema, "Dada, hili linazidi yote." Fundi akacheka. Alidhani mdogo wake anamfurahia.

Ikafika siku ya piko. Piko mnaijua, ile rangi nyeusi ya kumchorea bibi harusi mikono na miguu. Shangazi Kasa alileta chungu kizima, kikubwa, amekibeba mgongoni. Pembeni pakawekwa sinia la vumbi la kumetameta, la kumpaka bibi harusi ncha za vidole ili ngoma ikianza ang'ae. Wanawake wa mwamba wote walikaa kwa duara.

"Haya," akasema Shangazi Kasa, "mleteni bibi harusi, mchana unakwenda."

Pazia likafunguliwa na Fundi akatoka. Alikuwa amelivaa. Linamkaa, wanangu, kama limemwagwa juu yake. Alikwenda taratibu mpaka katikati ya duara, akaketi mahali pa bibi harusi, akanyoosha mikono yake ipakwe.

Kaa, ambaye mdomo wake haukujua kungoja, akasema, "Kumbe fundi kajishonea."

Pakawa na kicheko kidogo kule nyuma.

Shangazi Kasa akamsogelea, akasema kwa sauti ya chini, "Vua, mwanangu. Bibi harusi ni mdogo wako. Nilidhani unajua."

Ngisi alikuwa amesimama pembeni, ameogeshwa, amefukizwa udi, anangoja kuitwa. Fundi akamtazama. Alimtazama kiuno kile chembamba, akaona kwamba gauni lile lingempwaya, na kwamba wangemwambia yeye apige magoti alipunguze. Na kweli, Shangazi alikuwa anasema, "Litaingizwa kidogo kiunoni, si kazi." Moyo wa Fundi uliwaka pale. Aliwahi kuwavisha mia wasio wake na hakuumia. Huyu, ambaye yeye mwenyewe alimfundisha kuogelea, ndiye aliyemuuma. Afadhali angekuwa mgeni.

Ngisi akamkimbilia. Alitaka kumfariji, na alikuwa mtoto, akasema la kitoto. "Usijali, dada. Harusi yako nitakushonea mimi."

Na Ngisi hakujua hata kutia uzi kwenye sindano.

"Nitavua," akasema Fundi. "Niacheni kwanza nichomoe pini."

Akainama kama mtu anayetafuta pini ya kwanza. Mkono mmoja ukakwenda pembeni, taratibu, ukashika ukingo wa chungu, ukakipindua.

Piko ikamwagika. Bahari ikawa nyeusi mtu asimwone jirani yake. Wanawake wakapiga kelele, sinia likaenda huku na kule. Ngisi na Pweza, kwa kuona piko ya harusi inapotea, waliifumbata kwa vinywa, wakaimeza kadiri walivyoweza ili waje kuitema chunguni. Katika giza lile Fundi alikimbia. Alipita juu ya sinia na lile vumbi likamganda kwenye ncha za mikono. Waliotaka kumfuata aliwarushia konzi la vumbi usoni, wakabaki wanatazama vimeto huku yeye anateremka.

Aliteremka mpaka rangi ya bluu ikaisha, kisha rangi yoyote ikaisha. Wote waliomfuata walirudi, isipokuwa mmoja.

"Dada," Ngisi alikuwa anaita nyuma yake. "Dada, simama. Huku hakuna pumzi."

Fundi hakusimama.

"Lichukue gauni. Mimi silitaka gauni. Nilitaka wewe univishe."

Hapo Fundi alisimama, lakini hakugeuka. Hakutaka mdogo wake amwone uso. Alilishika gauni kwa pindo, akaligeuza nje ndani, akajifunika nalo kichwa na mwili, na zile pini zote za upande wa ndani zikawa nje, zimemwelekea Ngisi. Ngisi akanyoosha mkono hata hivyo. Akazigusa. Hazikumchoma. Zilikuwa zimelainika kama ulimi wa mtoto mchanga. Kama Fundi alizilainisha yeye, au ni machozi, Bi Mize hakusema, nami sitaongeza.

Ngisi alingoja, anahema, mpaka kifua kilipotaka kupasuka. Kisha akapanda, maana yule anayeishi mbio hawezi kukaa pasipo na pumzi. Aliolewa bila gauni.

Karamu ilifanyika. Huko chini Fundi aliisikia ngoma kama mtu anavyosikia moyo wake mwenyewe. Aliapa hatapanda na hataomba. Lakini njaa haijui kiapo cha mtu. Makombo yalianza kushuka: maganda ya kamba, magamba, ute, taka za wageni, yanaanguka polepole kama majivu. Fundi alikuwa amebaki na nyuzi mbili za kushonea. Aliutoa mmoja, akauacha uelee, makombo yakaugandia. Akauvuta, akayafinyanga kwa mate yawe donge, akala. Akajifunza kutohema sana, kutokwenda sana, kutotaka sana.

Na tangu siku hiyo ngisi na pweza wakitishwa hutema wino, ndiyo ile piko ambayo hawakuirudisha. Ngisi yuko uchi mpaka leo, na pweza ana kitambaa kidogo tu katikati ya mikono, kipande alichokiokota chini. Yule mkubwa wao hana wino, kwa sababu aliumwaga wote. Akitishwa hurusha vimeto, na akizidiwa hugeuza gauni akajifunika, miiba yote nje, isiyochoma mtu. Anakaa palepale, penye maji yasiyo na pumzi, anakula yanayodondoka kutoka kwenye sherehe za wengine. Na macho yake, kwa kutazama juu miaka yote hiyo, yamekua makubwa kuliko kiasi cha mwili wake.

Mjukuu wangu Mwatime anafanya kazi kwenye meli ya watu wanaopima bahari. Mwaka jana alinionyesha kwenye simu kitu walichokipiga picha huko chini kwa mashine. "Bibi," akaniambia, "huyu si ngisi na si pweza. Amekaa peke yake, hana mwenzake wa ukoo."

Nikaisogeza simu karibu. Alikuwa amefungua mikono yote, na lile gauni la rangi ya zambarau limetanda, halina mkunjo hata mmoja.

"Mtazame lilivyomkaa," nikamwambia.

Mwatime akasema, "Limemkaa kweli, bibi."

Lingeacha vipi kumkaa? Alijipima mwenyewe.

Hapa ninakata uzi.