Chumvi ya Mzee Shechambo

Chumvi aulizwe mwenye bakuli. Methali hii ilianza hivi, na kwa kuwa mmeniuliza kwa midomo yenu wenyewe, mtakaa mpaka mwisho. Wewe uliyenitilia sukari kwenye chai kama unamtilia mtoto, sogea hapa mbele. Hadithi hii ni yako kuliko ya wenzako.

Huko milimani Lushoto, kwenye mashamba yaliyokatwa ngazi ngazi ubavuni mwa mlima, aliishi mzee mmoja akiitwa Shechambo, pamoja na binti yake wa mwisho, Mwajabu. Mzee alilima mboga za kuuza mahotelini, na zao lake kubwa lilikuwa shamari. Najua hamuijui. Chini ina tunguu jeupe, nene kama ngumi, juu ina majani membamba kama nywele, na ukiikata inanukia bizari tamu. Mzee Shechambo aliilima tangu ujana wake. Akaipakia kwenye matenga, lori likaipeleka mjini, majani yakabaki ya mbuzi. Yeye mwenyewe hakuwahi kuitia mdomoni. Alisema mboga inayonukia dawa ya tumbo ni ya kuuza, si ya kula.

Mkewe alipofariki, mzee akaanza kuacha kula. Hakugombana na mtu wala hakulalamika. Akiletewa sahani anamega matonge mawili, anaisukuma pembeni na kusema, "Nimeshiba." Arobaini ikapita, matonge mawili yakawa moja. Mwajabu alimpikia ndizi kwa maharage, akampikia uji wa ulezi, akachinja hata jogoo aliyekuwa akiwaamsha alfajiri. Nimeshiba. Neno hilo lilimchosha kuliko kupanda mlima na ndoo kichwani. Mtu akisema hataki, utambembeleza. Akisema hapendi, utambadilishia. Sasa huyu anayeshiba kwa kutazama utamfanyaje?

Kaka yake Mwajabu, Athumani, alikuwa na nyumba Tanga mjini. Akapiga simu. Akasema, "Ijumaa nakuja na gari. Nikimkuta baba bado hali, namchukua. Huku kuna hospitali, kuna feni, na wifi yako atampikia vizuri." Hilo la wifi kupika vizuri Mwajabu alilimeza kwa shida, lakini lililomkosesha raha lilikuwa safari yenyewe. Alimjua baba yake. Mzee yule aliamka na ukungu, akashinda na jembe, na usiku akajifunika mablanketi mawili. Ukimweka barazani Tanga, jasho linamtiririka, hana hata mche mmoja wa kuupalilia, si ndiyo umemwandalia sanda? Mzee mwenzake wa kijiji cha chini alipelekwa mjini hivyo hivyo kwa wema, na alirudishwa amebebwa. Kwa hiyo Mwajabu alikuwa na jambo moja tu rohoni: baba ale kabla ya Ijumaa.

Alhamisi akaikumbuka supu ya shamari. Zamani aliwahi kusaidia jikoni kwenye nyumba ya wageni ya masista, na pale aliwaona wazee wasio na meno wakiilamba mpaka bakuli linang'aa. Akashuka shambani, akang'oa matunguu matatu ya baba yake mwenyewe. Akakaanga kitunguu kwa siagi, taratibu, kisibadilike rangi. Akatia shamari aliyoikatakata na viazi viwili, akamimina maji, akafunika. Vilipolainika akavipondaponda kwa mwiko na kuvipitisha kwenye chujio, kazi ya kuuma mabega. Mwisho akatia malai, ule utando mzito wa maziwa aliokuwa akiuengua tangu juzi. Supu ikatoka nyeupe, nzito, laini. Akaiepua, akatoka kwenda bandani kumtazama mbuzi aliyekuwa anahangaika na uzazi.

Kumwacha mbuzi ahangaike peke yake kungekuwa nafuu.

Maana milimani kule, mtu akiugua, jikoni kwake hakuna mlango. Jirani anaingia, shangazi anaingia, na ni aibu kwenda kumjulia hali mgonjwa bila kuongeza chochote kwenye chakula chake. Wa kwanza kuingia alikuwa Mama Mbelwa, jirani wa ng'ambo ya mfereji. Akafunua sufuria, akaona kitu cheupe na kizito. Kwa akili yake kitu cheupe na kizito ni uji. Akachovya kidole. "Maskini Mwajabu," akasema, "kwa mawazo aliyonayo amesahau sukari." Akatia sukari, na hakutia kwa uchoyo.

Akaingia Shangazi Saumu, dada yake mzee. Yeye aliambiwa ni supu. Akaonja, akakunja uso. Supu gani hii tamu? Na kwake supu ikiharibika dawa yake ni moja. Akakata ndimu, akaikamulia yote. Maziwa na ndimu mnajua wanavyopatana. Mwajabu aliporudi, mikono bado ina majimaji ya mbuzi, alikuta sufuria ina mabonge yanaelea juu ya maji ya kijivu, na wanawake wawili wanaikoroga kwa zamu.

"Nani katia nini humu?" akauliza.

"Tumekusaidia tu, mwanangu," akasema Shangazi Saumu.

"Mmenisaidia."

"Sukari haikuwemo," akasema Mama Mbelwa.

"Haikuwemo kwa sababu haimo. Hiyo si uji."

"Sasa si ungesema?"

Mwajabu alitamani kuwatupia mwiko. Lakini shangazi ni shangazi. Huwezi kumtupia mwiko dada yake baba, hata akikuharibia malai ya siku mbili. Akambebea mbuzi ile supu, na mbuzi mwenyewe akainusa akageuza kichwa.

Ijumaa asubuhi akaanza upya, kwa malai kidogo aliyoyaengua usiku, safari hii akakaa juu ya kigoda mbele ya mafiga kama askari wa zamu. Hakutoka. Alipotaka maji aliagiza. Wale wawili walikuja, tena mapema zaidi, na kwa kuwa mikono yao ilikatazwa wakatumia midomo. Mama Mbelwa akashauri tangawizi. Shangazi Saumu akashauri pilipili manga, halafu akashauri moto upunguzwe, na ulipopunguzwa akasema mbona moto umelala. Mwajabu akajibu ndiyo shangazi, ndiyo shangazi, akiuma meno mpaka taya zikamuuma.

Ugomvi wenyewe ulizuka kwenye chumvi.

"Usitie chumvi," akasema Shangazi Saumu. "Mzee ana presha."

"Presha unayo wewe," akasema Mama Mbelwa. "Yeye alipimwa juzi tu kwenye zahanati, akaonekana hana. Na chakula kisicho na chumvi ni cha majini."

"Majini gani? Nimezaliwa naye tumbo moja, wewe utanifundisha anachokula?"

Hapo honi ikalia barabarani. Athumani alikuwa amefika, na shati lake limelowa mgongoni kwa kupanda mlima. Hata salamu hazijakwisha, akauliza kama baba amekula. Akaambiwa bado. Akachungulia sufuria, akasikiliza kesi, naye badala ya kunyamaza akatoa hukumu: itiwe chumvi nusu kijiko, na aletewe amlishe yeye mwenyewe, kisha wakusanye nguo za mzee kwa sababu anataka kushuka kabla ya giza. Shangazi akasema nusu kijiko ni sumu. Mama Mbelwa akasema nusu kijiko ni uchoyo. Wakawa watatu wamesimama juu ya sufuria moja, kila mmoja na chumvi yake mdomoni, na supu inapoa, inaanza kufunga ngozi juu.

Basi Mwajabu akasimama. Msije mkadhani alipata hekima. Alichoka tu, alichoka mpaka machozi yakamlenga. Akateka supu bakulini, akachukua kile kikombe kilichokatika mkono walichowekea chumvi, akapita katikati yao bila kuomba njia, mpaka chumbani kwa baba yake. Wote wakamfuata nyuma.

Mzee Shechambo alikuwa ameketi kitandani, ametazama dirisha lenye shamba. Mwajabu akaweka bakuli mapajani mwake, na kikombe cha chumvi pembeni.

"Baba," akasema, "mimi nimeshindwa. Huyu anasema chumvi iwepo, huyu anasema isiwepo, na mimi sijui tena. Onja wewe. Imetosha au haijatosha?"

Mzee akamtazama. Akalitazama bakuli. Akachukua kijiko, akaonja kwa ncha ya ulimi, akafumba macho.

"Haijatosha," akasema.

Akachukua chembe za chumvi kwa vidole viwili, akazinyunyiza, akakoroga, akaonja tena. Akala kijiko cha pili. Akala cha tatu. Akala cha nne.

"Hii ni ile shamari yangu?" mzee akauliza.

"Ndiyo hiyo, baba."

"Kumbe watu wa mahoteli hawakuwa wajinga." Akala tena, kisha akapumzisha kijiko. "Mama yenu alikuwa hateki chakula kabla hajaniita. Hata tukiwa tumenuniana. Ananikingia mwiko, ananiambia, onja chumvi. Miaka yote ile. Mimi nasema bado, au nasema hapo hapo, ndipo anateka. Tangu tumzike mnaniletea sahani zimekwisha kila kitu. Chumvi imeshaamuliwa, pilipili imeshaamuliwa. Nimekuwa mgeni nyumbani kwangu. Na mgeni mstaarabu hashindilii, anaonja kidogo anasema ameshiba."

Mwajabu akainamisha uso. Alikuwa amepika kila kitu kilichoota mlimani, na neno hilo moja, onja, halikumjia. Shangazi Saumu naye alikuwa amekaa sakafuni, kanga mdomoni, analia taratibu, maana marehemu alikuwa wifi yake, naye alimpenda.

Athumani hakukaa. Watu wa mjini wana haraka hata mbele ya machozi. Akasema, "Alhamdulillahi, baba, umekula. Basi huko Tanga nitamwambia mke wangu awe anakuonjesha. Mwajabu, mkunjie mzee nguo zake, hasa zile nyepesi, huko tunakokwenda kuna joto."

Mzee Shechambo akafunika bakuli kwa kiganja, kama mtu anayekinga kitu kisiingie.

"Athumani."

"Naam, baba."

"Tangu upige simu umepanga gari, umepanga chumba, umepanga feni, na sasa umepanga na nguo. Safari hiyo ni ya nani?"

"Ni yako, baba."

"Basi chumvi aulizwe mwenye bakuli."

Athumani alisimama pale mlangoni, funguo za gari zinaning'inia kidoleni. Alikuwa mtoto mwema, msimwonee. Alimpenda baba yake na aliogopa kumzika kama alivyomzika mama yake, alipofika akakuta mchanga tu, mwili umeshatiwa kaburini. Akavua viatu, akaingia, akakaa chini karibu na shangazi yake. Na hapo ndipo, kwa mara ya kwanza, akauliza.

"Baba, unataka kwenda Tanga?"

"Sitaki," akasema mzee. "Shamari bado haijavunwa. Ikishavunwa nitakuja kuwatembelea wajukuu, siku chache, halafu utanirudisha. Umeniuliza, nami nimekujibu." Akaondoa kiganja, akamsogezea mwanawe bakuli. "Onja na wewe. Halafu useme wewe mwenyewe kama imetosha."

Athumani akaonja, akasema kwake imezidi kidogo. Mama Mbelwa akafungua kinywa aseme ndiyo maana tangawizi ingefaa. Shangazi Saumu akamfinya.

Gari likashuka mlima jioni ile bila mzee. Mwajabu tangu siku hiyo hakuteka chakula kabla hajamkingia baba yake mwiko, hata siku walizonuniana, na zilikuwepo, kwa sababu mzee akipata nguvu hurudi na ukorofi wake. Watu wa pale wakalichukua lile neno. Wakalisema mahari yanapopangwa na binti yuko chumba cha pili. Wakalisema shamba linapogawanywa na mwenye shamba bado anapumua.

Haya, imekwisha, acheni kunikodolea macho. Na wewe mwenye sukari, chai hii mnywe wenyewe, mniletee nyingine. Nimesikia mkinong'ona tangu asubuhi kwamba nikahamie kwa mjomba wenu, na mmeshachagua hata chumba nitakacholala. Nimenyamaza nikawatazama nione mtafika wapi. Leteni kikombe, leteni na sukari yenyewe, mkae hapa chini, mniulize. Chumvi aulizwe mwenye bakuli.