Somo la Koto Wakati wa Marufuku

Wametusimulia waliotutangulia kwamba katika mji mmoja wa Japani ya kale, mjane aitwaye Onui alikuwa amechuchumaa kisimani akiosha figili, vidole vimekufa ganzi kwa baridi, mjumbe wa mtaa alipopita akigonga vibao na kutangaza: mtawala mkuu amefariki, na kuanzia saa ile ni marufuku kupiga chombo chochote cha muziki mpaka itakapotangazwa tena.

Onui akaziacha figili ndani ya maji. Riziki yake na ya watu wa nyumbani kwake ilitoka katika kufundisha koto. Na sheria ya huko ilikuwa nzito: nyumba tano za jirani ziliwekwa dhamana pamoja, mmoja akikosea wanachapwa wote.

Koto, kwa asiyeijua, ni ala ya mbao nyepesi, ndefu kama mtu aliyelala, yenye nyuzi kumi na tatu za hariri. Asili yake Uchina. Ilikaa karne nyingi katika majumba ya wafalme, kisha walimu vipofu wakaifikisha kwa watu wa kawaida. Zama hizo wanafunzi hawakusomea kwenye karatasi. Mwalimu alitamka na mwanafunzi akakariri, kama watoto wetu wanavyokaririshwa chuoni. Kila namna ya kugusa uzi ilikuwa na tamko lake: ten, ton, shan, kororin.

Wanafunzi wakaacha kuja. Wali ukawa uji, na uji ukazidi kuwa mwepesi.

"Uji huu naiona sura yangu ndani," alisema mama mkwe wake, Bi Okane. "Na sura yenyewe si ya kutazamwa na mtu mwenye njaa."

Wasichana wawili wa Onui, Osayo na Okono, wakacheka. Yeye hakucheka, kwani ndiye aliyejua kilichobaki mtungini.

Ndipo akaja Genzaemon, mfanyabiashara wa mafuta. Mama yake, Bi Otatsu, alikuwa katika maradhi ya mauti, na hakutaka kitu ila kuusikia wimbo wa koto aliofundishwa akiwa msichana.

"Njoo umpigie, Mwalimu. Nitakupa magunia mawili ya mchele. Kuta zangu nene, nani atasikia?"

"Mapipa yako nayo manene, bwana, na mafuta yanavuja."

"Mwalimu, ni mama yangu."

Bi Okane akadakia, "Nenda, mwanangu! Mtawala aliyekufa hana masikio."

"Hana, Mama. Lakini jirani zetu wana migongo. Mzee Kisuke wa nyumba ya pili achapwe kwa mchele ambao hakuuonja?" Akamgeukia mgeni. "Kupiga sitapiga. Ila kumwona mgonjwa nitakuja."

Akaenda mikono mitupu. Bi Otatsu alikuwa amelala chini ya blanketi zito, mdogo kama mtoto.

"Umekuja bila koto," akasema.

"Bila koto, bibi. Tumekatazwa, na sitakudanganya kwamba nitaipiga kesho."

"Kesho mimi sina."

Onui akaketi, akaushika mkono wa ajuza yule na kuukunjua kiganja. Akaanza kukigusa kwa kidole, kana kwamba nyuzi zimepita pale, huku akimnong'oneza sikioni kama anavyofundishwa mtoto wa somo la kwanza: "Ten. Ton. Shan."

Bi Otatsu akafumba macho. Punde vidole vyake navyo vikaanza kutembea juu ya blanketi.

"Siyo hivyo," akasema ghafla. "Mwalimu wangu alikawia hapo. Koro... rin. Kipofu yule! Alimjua aliyechelewa kwa mlio wa viatu vyake tu. Tulikuwa tukivivua mbali njiani tuje peku, na bado anatutaja kwa majina." Akatabasamu. "Wenzangu wote wamekwenda. Endelea, binti."

Onui akaendelea, akikawia pale alipoelekezwa, mpaka wimbo ukaisha. Bi Otatsu alifariki alfajiri, ametulia.

Genzaemon alifika na magunia mawili, macho mekundu.

"Hayo uliahidi kwa kupigiwa koto," Onui akamwambia. "Sikupiga."

"Lakini aliusikia!"

"Nilimfundisha somo moja. Malipo ya somo unayajua. Nipe hayo."

Akapimiwa kibaba. Bi Okane akayasindikiza magunia kwa macho mpaka yakapotea njiani. "Kibaba! Ungekuwa mgonjwa wewe ningesema ni homa."

"Kibaba hiki, Mama, hatutakila tumefunga mlango."

Ndugu zangu, tamaa haiji daima na uso wa tamaa. Mara nyingine huja na machozi ya kweli, ikiombea mgonjwa wa kweli, na hapo ndipo mja hupepesuka. Onui hakuwa na Kitabu mbele yake, lakini Mola alimwonyesha kwamba subira si kukaa bure. Ni kukitafuta kilichobaki halali na kukitenda vizuri.

Jioni ile mjumbe wa mtaa alizikagua zile nyumba tano, asione kosa. Mzee Kisuke alikutwa kwake akipasua kuni, na wengine kila mmoja mlangoni pake. Onui akapakua wali na figili. Akatazama: Bi Okane yupo, Osayo yupo, Okono yupo. Akajipakulia na yeye, akaketi.