Boga la Subira

Hapo zamani za kale, wajukuu zangu, na mkiniuliza zamani ipi nitawaambia ni ile ambayo boga lilikuwa tamu kuliko sasa. Msicheke! Nilikuwa mdogo kama ninyi. Bibi yangu alikuwa akifukia boga zima kwenye majivu ya moto, na wakati tukingoja liive ndipo aliponihadithia haya. Harufu ile naitamani mpaka leo. Basi sogeeni. Na wewe Zulekha, mwache mwenzako, hadithi haiingii kwa mtu anayefinywa.

Siku hizo wanyama walikuwa na nyumba na mashamba, na majirani walisalimiana asubuhi kabla ya kuulizana habari za watu wengine. Kando ya mto kulikuwa na kilima, na kilima chote kilikuwa mali ya Bwana Kiboko. Masika yakija mto ulifurika, bonde zima likawa maji, lakini kilimani pakabaki pakavu. Kila mwenye watoto alitamani kukaa kule juu.

Kiboko alikuwa mkubwa, lakini hakuwa mjinga. Akamwita Muhanga, fundi wa kuchimba, naye akamchimbia nyumba nyingi nzuri ndani ya ardhi, zenye sebule na vyumba vya kulala. Zilipokamilika Kiboko akatangaza kwa sauti ya kutetemesha matete:

"Nyumba moja, maboga kumi!"

Maboga kumi! Nani angeyapata? Shamba la mtu wa kawaida lilizaa mawili matatu kwa mwaka, nayo yanaliwa.

Siku moja akaja Ngiri na mkewe, Bi Ngiri. Walikuwa ndio kwanza wameoana. Masika yaliyopita walilala kwenye matope, na Bi Ngiri alikuwa mjamzito.

"Shikamoo, Bwana Kiboko," Ngiri akasema. "Nyumba tunaitaka. Maboga kumi hatuna."

"Marahaba. Nani kakwambia uwe nayo leo?" Kiboko akacheka, ho ho ho! "Ingieni! Laleni! Kila mavuno niletee boga moja tu. Moja! Litakushinda?"

"Moja tu?"

"Moja. Ila mimi huku nitakuwa nangoja, na kungoja kuna haki yake. Kwa hiyo ndani ya boga lako kutakuwa na kidogo cha subira yangu, na kinachobaki ndicho cha nyumba. Nyumba ikiisha kulipwa, yako. Mavuno yakikupita bila boga, unatoka. Tumeelewana?"

Wajukuu zangu, Ngiri alisikia neno moja tu, nalo ni hilo "moja". Mengine yalipita sikio hili yakatokea lile. Akamtazama mkewe, mkewe akamtazama, wote wawili wakaitikia, "Tumeelewana!"

Wakaingia ndani kinyumenyume, kama ngiri waingiavyo kwao, mkia kwanza na meno nyuma kulinda mlango. Bi Ngiri akaegemeza shavu ukutani, akasema, "Pakavu, mume wangu. Gusa. Pakavu kabisa." Wakacheka mpaka majirani wakagonga.

Basi ikawa desturi. Kila mavuno wenye nyumba wote walikwenda mtoni, na watoto walitangulia kupata nafasi ya mbele, maana ilikuwa tamasha. Kiboko alipanua kinywa, aaaah! Mwenye boga akalibiringisha juu ya ulimi wake, gulu, gulu, gulu, kisha kinywa kikafungwa: KWAP! Boga limekwenda. Watoto wakapiga makofi, Kiboko akacheua, akasema, "Asante, jirani. Tuonane mavuno." Kila mtu akarudi nyumbani na furaha.

Ilikuwa raha, siwafichi. Bibi yangu alipofika hapo alinifanyia hiyo KWAP kwa mikono miwili, nami niliruka kila mara ingawa nilijua inakuja.

Miaka ikaenda. Watoto wa Ngiri wakazaliwa, wakakua, wakaoa na kuolewa mbali. Mwaka wenye mavuno haba, Ngiri na mkewe walikula majani ya maboga, boga lenyewe wakampelekea Kiboko. "Nyumba kwanza," Bi Ngiri alikuwa akisema. Baadaye Bi Ngiri naye akaugua, akafa, akazikwa nyuma ya kilima. Mzee Ngiri akabaki peke yake na kuta zile kavu alizozipenda mkewe.

Ukaja mwaka wa jua kali. Mvua haikunyesha, mibogani hamkutoka kitu. Mzee Ngiri alikwenda mtoni mikono mitupu.

"Bwana Kiboko, mwaka huu sina. Lakini nimekuletea mavuno ishirini bila kukosa hata moja. Nyumba ilikuwa ya maboga kumi. Bila shaka tulimaliza zamani, nami nilikuwa nakuletea kwa mazoea tu."

"Mmemaliza?" Kiboko akapepesa macho. "Mzee Ngiri, nusu ya nyumba bado ni yangu."

"Nusu?"

"Nusu, kasoro kidogo. Na mavuno yamekupita bila boga. Sheria unaijua. Mwezi ukiandama, toka. Nungunungu ameshaiulizia."

Mzee Ngiri akageuka. Alirudi akakaa mlangoni kwake, akalia kama mtoto. Jirani yake wa upande wa mawe akamsikia. Huyo alikuwa Pimbi, kijana mdogo asiye na mkia wala deni, aliyeishi na ukoo wake kwenye nyufa za miamba.

"Mjomba, unalia nini?"

Mzee Ngiri akamweleza yote. Pimbi akasikiliza huku akijikuna.

"Mjomba, lile boga lako, cha subira kilikuwa kiasi gani, na cha nyumba kiasi gani?"

"Nitajuaje, mwanangu?"

"Hukumwona akilikata?"

"Kulikata? Kiboko hakati. Anameza!"

"Ehee!" Pimbi akaruka, tii! "Ndipo palipo na dawa. Futa machozi, mjomba. Mwache ameze, kesho atakata."

Pimbi akashuka mtoni. Lahaula! Mto ulikuwa umebaki tope la kufunika kwato tu. Bwana Kiboko alilala humo mgongo nje, ngozi imeanza kupasuka kwa jua.

"Shikamoo, Bwana mkubwa! Pole na jua."

"Niache. Naungua!"

"Kumbe hujaliona bwawa letu kule kwenye miamba? Lina kina, lina kivuli, maji yake baridi. Sisi pimbi hatuogi, tunaliangalia tu."

Kiboko akainua kichwa, masikio yakacheza, fyu, fyu. "Mnaliuza?"

"Maboga kumi."

"Ebo! Mwaka kama huu? Ghalani kwangu yamebaki manne!"

"Nani kakwambia uwe nayo leo?" Pimbi akasema kwa sauti tamu. "Ingia! Oga! Kila mavuno niletee boga moja tu. Ndani yake mtakuwa na kidogo cha subira yangu, kinachobaki ndicho cha bwawa. Mavuno yakikupita bila boga, unatoka. La kwanza nipe kesho, mbele ya majirani."

Mtauliza, Kiboko si ndiye aliyeibuni hila hiyo, hakuitambua? Wajukuu zangu, mtu akiwa na jua mgongoni hasikii vizuri. Naye alisikia "moja" tu.

"Tumeelewana!" akanguruma, akapanda miamba mbio, akajitupa. CHUBWIII! Maji yakaruka mpaka nyumba ya tatu, na Kiboko akafumba macho kwa utamu.

Asubuhi majirani wote walikusanyika penye bwawa. Kiboko aliletewa boga kutoka ghalani kwake, bonge la boga. Akamwambia Pimbi, "Haya, panua kinywa, mtoto. Hata ukucha hautaingia!" Watu wakacheka.

"Kweli, Bwana, kinywa changu kidogo," Pimbi akasema. "Kwa hiyo mimi sina budi kukata."

Akachukua jiwe kali, akakata. Kachu! Kachu! Kachu! Vikatoka vipande kumi sawasawa. Akavisukuma tisa upande mmoja, kimoja akakiacha peke yake.

"Hivi tisa ni vya subira yangu," akasema. "Hiki kimoja ndicho cha bwawa."

Kiboko akacheka. Kisha akaacha kucheka.

"Hebu rudia."

"Tisa vya subira, kimoja cha bwawa. Bwawa ni maboga kumi, yaani vipande mia. Umelipa kimoja. Bado tisini na tisa."

"Na mwakani?"

"Mwakani deni limepungua kidogo, basi na subira inapungua kidogo. Kipande cha bwawa kinanenepa upana wa ukucha hivi. Mwaka wa tatu, ukucha mwingine. Tutafika tu, Bwana. Mimi bado kijana."

Kiboko akaanza kuhesabu, kichwa juu, midomo ikicheza. Akahesabu weee, mpaka vyura wakachoka kumtazama. Ghafla akainuka, maji yakammwagika pande zote.

"Wizi! Nitaleta maboga karibu mara tatu ya bei! Nitazeekea humu, meno yatanitoka, na nitakuwa bado nalipa! Wewe kijitu kisicho na mkia, unaniibia mchana kweupe! Ungenikatia boga hili jana, kabla sijaingia!"

Kiboko alisimama kinywa wazi, maana na yeye alijisikia alivyosema.

Mzee Ngiri akatoka kati ya watu, taratibu, magoti yakimuuma.

"Bwana Kiboko," akasema, "na langu ulilikata vipi?"

Kiboko akazama mpaka puani. "Hivyo hivyo," akasema.

"Tangu la kwanza?"

"Tangu la kwanza. Lakini nilingoja, Mzee Ngiri! Sikukudanganya. Nilikaa bila nyumba yangu na bila maboga yangu, nikingoja!"

"Ulingoja, sikatai," Mzee Ngiri akasema. "Lakini ungenionyesha kipande changu. Mke wangu alikuwa na nguvu siku zile. Tungelima shamba la pili, tukakuletea mawili mawili, tukamaliza watoto wakiwa bado wadogo. Sisi tulikula majani, Bwana. Na nilikupigia makofi."

Nungunungu akatazama chini. Muhanga fundi akajipangusa pua. Kila mwenye nyumba pale alikuwa akijiuliza kimoyomoyo juu ya boga lake mwenyewe.

"Sasa Bwana mkubwa, chagua," Pimbi akasema, jiwe mkononi. "Jiwe ni moja, litukatie sote. Kama tisa kwa kimoja ni haki, kaa ulipe, na mwaka utakapokosa, utatoka uende ukaote jua. Kama si haki kwako, kwa mjomba wangu si haki pia."

Kiboko akalitazama jua, akayatazama maji. Akatoa pumzi, prrrrf!

"Ngiri ameleta ishirini," akasema. "Kumi ya nyumba, kumi ya subira. Yametosha. Nyumba ni yake. Na kuanzia leo, kila atakayeniletea boga nitalikata mbele yake, na kila atakayetaka nyumba nitamwambia jumla kabla hajaingia ndani, la kwanza mpaka la mwisho."

"Nami hili moja limenitosha," Pimbi akasema. "Oga mpaka mvua inyeshe."

Hoyeee! Vigelegele vikapigwa mpaka ng'ambo. Pimbi akabebwa mabegani, vile vipande vya boga wakagawiwa watoto, na Kiboko mwenyewe akarusha maji kwa mkia watu wakalowa wakifurahi.

Mzee Ngiri hakukaa kwenye ngoma. Alirudi kilimani peke yake. Alisimama sebuleni, akaweka mkono ukutani, akaita kwa nguvu, "Bi Ngiri! Imekuwa yetu!" Alisubiri kidogo, kama anayetarajia kujibiwa. Kisha akakaa chini. Nyumba alikuwa ameipata, na miaka ile hapakuwa na wa kumrudishia, si Kiboko wala Pimbi na ujanja wake wote.

Wajukuu zangu, ukiambiwa "kidogo kidogo", hesabu mpaka mwisho kabla hujaingia ndani.