Nyayo Kwenye Mdomo wa Kisima

Paukwa!

Pakawa.

Nina hadithi, ila haichekeshi.

Tupe hivyo hivyo ilivyo.

Hapo zamani za kale, wanyama walichimba kisima kwa pamoja, wakaunda chama cha ushirika. Sheria yao ilikuwa hii: aliyechimba ndiye mwanachama. Kila mwezi ulipoandama, wote waliingia kisimani kuzoa tope, kwa kuwa jicho la chemchemi lisipozolewa huziba.

Kura walipiga kwa miguu. Siku ya uchaguzi, kila mwanachama alikanyaga mara moja kwenye tope bichi la mdomo wa kisima, upande wa mgombea anayemtaka. Mwenye nyayo nyingi ndiye aliyekuwa mwenyekiti.

Mwaka huo Fisi, mwenyekiti wa zamani, alishindana na Ngiri. Siku ya kura wakaja ndugu zake Fisi, ambao hawakuwahi kuchimba hata konzi moja ya udongo. Wakakanyaga na kukanyaga. Fisi akajitangaza mshindi. Tangu hapo ndugu zake wakawa wanakunywa kwanza, na wanachama wakapata mabaki.

Digidigi alikuwa na mtoto anayenyonya. Wengine husimulia kwamba alikuwa swala. Alikuwa digidigi. Maji yalipopungua, maziwa yake nayo yakaanza kukatika. Akasema atamshtaki Fisi kwa hakimu Twiga, ng'ambo ya vilima.

Fisi akamcheka. "Shemeji, kwa vijiguu hivyo vya njiti? Hakimu atadhani ni upepo umepita."

Digidigi akaenda. Twiga alimsikiliza kwa upole, akamuuliza kama amelifikisha jambo hilo kwenye mkutano wa wanachama. Hakuwa amelifikisha. Akaambiwa arudi akaanzie huko.

Akarudi, akaitisha mkutano. Fisi akaufunga kabla haujaanza.

Digidigi akaenda mara ya pili. Akaomba nyayo zisiguswe, kwa kuwa ndizo ushahidi wake. Twiga akaona ombi ni la haki, akatoa amri: mtu yeyote asikanyage mdomo wa kisima hadi shauri liishe. Fisi aendelee kuchota na kugawa maji kutoka upande wa mwambani, pasipo na nyayo.

Wanachama wakafurahi. Wakasema sasa jambo liko mahakamani, wao watulie. Mwezi ukaandama, hawakuzoa tope. Ukaandama mwingine, hawakuzoa. Waliitii amri. Hakuna aliyekwenda kumweleza hakimu kwamba kisima chao hupumua kwa kuzolewa.

Maji yakawa machafu, kisha yakawa kidogo. Mtoto wa Digidigi akaacha kusimama.

Digidigi akaenda mara ya tatu. Akamweleza Twiga habari ya tope.

"Mama," Twiga akasema, "nikiwaruhusu kuzoa leo, nyayo zitafutika, na shauri lako litakufa. Fisi nimemwita mara kwa mara, kila mara hujibu kwamba anaumwa. Sitamngoja tena, nitakuja mwenyewe mwezi ukiandama. Niiondoe amri, au nisiiondoe?"

Digidigi akamkumbuka mtoto wake. Akawakumbuka na wenzake, walivyomsindikiza wakimsihi asirudi mikono mitupu.

"Usiiondoe, mheshimiwa," akasema. "Nitangoja."

Alipofika nyumbani alimkuta Ngiri mlangoni. Ngiri hakumsalimu, aliinamisha kichwa tu. Digidigi akaelewa. Akaingia ndani, akalala kando ya mtoto wake, wala hakulia kwa sauti.

Mwezi ukaandama, Twiga akaja. Akainama kwenye mdomo wa kisima. Nyayo zilikuwa zimekauka, ngumu kama kigae, kila ukucha ukionekana. Hakimu akasoma hukumu. Nyayo za wasiochimba ni batili, Fisi aondoke, na uchaguzi urudiwe siku hiyo hiyo mbele yake.

Fisi akaondoka na ndugu zake, bila hata kubisha. Wanachama wakashangilia, wakapanga foleni. Ngiri akawa wa kwanza kukanyaga. Akainua mguu, akatazama chini. Haukuacha alama.

Akakanyaga tena kwa nguvu. Hapakuwa na alama. Tope bichi halikuwapo tena. Jicho la chemchemi lilikuwa limeziba.

Wote wakamgeukia Digidigi, kana kwamba yeye ndiye anayejua la kufanya.

"Hakimu ametupa haki yetu," akasema. "Maji tulipaswa kuyatunza sisi."

Funzo la hadithi hii ni hili: hakimu mwema aweza kukurudishia chama chako, lakini hawezi kukurudishia ulichoacha kukitunza ulipokuwa ukimngoja. Mwenye shauri, apeleke shauri lake. Jembe asiliweke chini.

Hadithi imekauka hapo. Mwenye maji kwao na akayazoe.