Kengele Iliyozuiwa na Mahakama

Hapo zamani, siku ya Alhamisi, saa mbili asubuhi, ukungu uliushukia mji wa Mawingoni ukawa mzito hata mtu akinyoosha mkono hakuziona kucha zake.

Mto uliugawa mji huo pande mbili, Juu na Chini, na daraja lake halikuwa na ukingo. Kwa hiyo halmashauri iliajiri mtu mmoja kwa kazi moja: kupiga kengele penye daraja kila ukungu uliposhuka, ili wavukao waifuate sauti. Lakini asubuhi hiyo kengele ilikuwa kimya. Mahakama ndiyo iliyoinyamazisha.

Wakesho alikuwa ameketi nje ya mahakama, hatua chache kutoka mtoni, vidole vikijikunja vyenyewe kana kwamba vinavuta kamba ndotoni. Miaka saba alikuwa kaimu mpiga kengele. Kaimu jana, kaimu leo, wala hakuna aliyetumbukia. Nafasi ilipotangazwa, wasaili walifungwa vitambaa machoni, kwa desturi ya mji, wakavuka kwa kufuata mlio wa kila mwombaji. Mwakio akawa wa kwanza, Wakesho wa pili, Mghoi wa tatu. Halmashauri ikamteua Mghoi, mwenyeji wa Juu, kwani sheria ilitaka kazi zigawanywe kwa pande zote, na upande wa Juu ulikuwa haujawahi kuipata hiyo. Wale wawili wakafungua kesi. Hakimu akatoa zuio: mpaka hukumu isomwe, mtu yeyote asiiguse kamba.

“Miaka saba, dada, na bado nimekupita,” Mwakio, aliyeketi kando yake, alimtania.

“Ulipiga asubuhi moja, tena jua linawaka,” Wakesho alijibu. “Hata mbuzi wangevuka.”

Mghoi, aliyeketi mkabala nao, akacheka. “Gombaneni tu. Mwenye barua ya uteuzi ni mimi.”

Ndipo sauti ikatoka ndani ya ule weupe: “Jamani! Daraja liko wapi?”

Ilikuwa sauti ya hakimu, akija kusoma hukumu.

Mwakio akatega sikio. “Hayuko darajani. Yuko chini kwenye mawe, na anaelekea kwenye kina.”

Wakesho akainuka.

“Zuio, Wakesho!” Mwakio alimshika kanga. “Ukiigusa kamba, kesi umeipoteza.”

Alilijua hilo. Kazi aliyoiota miaka saba ilikuwa kwenye ncha ya kamba ile, na kuivuta ndiko kungemnyima. Akajinasua, akapapasa njia hadi penye kengele. Akaivuta kamba.

Mlio ukaingia katika ukungu taratibu, na miti, mapaa na milima iliyokuwa ikielea bila mahali ikaonekana kurejea mahali pake. Hakimu akageukia sauti, akateleza. Mghoi, aliyeogelea kwenye mawe yale tangu utotoni, alikuwa ameshaingia majini.

“Kushoto!” Mwakio alimwongoza. “Mbele kidogo! Hapo!”

Mghoi akamnasa hakimu kwa joho na kumvuta hadi ukingoni.

Wakaingia mahakamani wote wanne. Hakimu akaitoa hukumu mfukoni: wino ulikuwa umeyeyuka, karatasi imekuwa samawati tupu. Akawatazama.

“Mheshimiwa,” alisema Mwakio, “bila sikio langu wangekutafuta darajani. Nilikuwa wa kwanza katika usaili, na amri yako nimeitii.”

“Angekusikiliza mpaka uzame,” alisema Mghoi. “Aliyekushika ni mimi. Uteuzi wangu ni wa kisheria, na watu wa upande wangu wamesubiri vya kutosha.”

Wakesho alisema mwisho, macho yakiwa dirishani. “Mimi nimeivunja amri yako, mheshimiwa. Na kesho ukungu ukishuka, nitaivunja tena.”

Hakimu akaomba karatasi nyingine. Akachovya kalamu, akaiinua, nayo ikabaki hewani, huku ukungu ukiingia dirishani na kuwafunika mmoja baada ya mwingine.

Basi nanyi mnaosikiliza, msaidieni kuishusha kalamu hiyo: kati ya hao watatu, je, nani alistahili ile nafasi moja?