Ushahidi wa Sabiha Binti Murjani

Wamepokezana wasimulizi, kutoka kwa watu waliojulikana kwa ukweli wa ndimi zao, kwamba hapo kale katika nchi ya milima mikavu palikuwa na mji uitwao Hajarani. Mji ule, kama miji jirani yake, ulijitawala wenyewe. Mkubwa wake alikuwa Sheikh Ghanimu bin Harithi, na neno lake ndilo lililokuwa sheria. Katika desturi zao, watu wa mtaa wa chini, ambao babu zao walikuwa watumwa wakaachwa huru, hawakukubaliwa kutoa ushahidi barazani. Mmoja wao akidhulumiwa mbele ya mtaa mzima, ilihesabiwa kuwa hakuna aliyeona.

Katika mtaa huo aliishi mkunga mmoja mcha Mungu, Sabiha binti Murjani. Alizalisha wanawake wa juu na wa chini, wala hakuingia nyumba ya mzazi ila ametawadha kwanza.

Ukaja mwaka wa ukame, Sheikh Ghanimu akaugeuza mfereji wa mtaa wa chini ili unyweshe mitende yake. Watu walipolalamika akawauliza, "Nani shahidi wenu kwamba maji haya yalikuwa yenu?" Wakarudi mikono mitupu, kwani mashahidi walikuwa ni wao wenyewe. Kiangazi kile walikufa wazee na watoto wachanga, na miongoni mwao alikuwa mtoto wa Rukunu, dada yake Sabiha.

Kisha Mwenyezi Mungu akageuza mambo. Sultani wa mji mkuu aliiunganisha miji ile chini ya mkono wake, mingine kwa mapatano na mingine kwa upanga. Akayaondoa mabaraza ya wakubwa wa miji, na kila mji akaupelekea kadhi. Hajarani ilimpata Kadhi Nadhiri bin Shuaibu, mtu mwembamba, mchache wa maneno. Siku ya kwanza alisema, "Atakayeshuhudia mbele yangu nitauliza kuhusu uadilifu wake. Sitauliza babu yake alikuwa nani."

Sheikh Ghanimu akasema, "Hiyo si desturi yetu, ewe Kadhi."

"Najua. Lakini sasa ndiyo sheria ya nchi nzima, na kabla ya hapo ilikuwa amri ya Mola wako."

Sabiha na wazee wa mtaa wake wakashuhudia, nao mfereji ukarudishwa. Askari wa Sultani walisimama juu ya kingo zake mpaka maji yalipofika mtaa wa chini. Tangu hapo watu wa mtaa ule hawakuacha kumwombea Sultani kila Ijumaa.

Miaka ikapita, na nguvu za Sultani zikazidi. Hajarani ikajengewa ngome, ikaletewa liwali, ngome ikawa na gereza, na liwali akawa na wapelelezi. Mkono uliokuja kuwakinga wanyonge ukaanza kumtisha kila mtu.

Siku moja askari walimtoa Sheikh Ghanimu nyumbani kwake, naye sasa ni mzee asiyeweza kutembea bila fimbo, wakamtia ngomeni. Ilidaiwa kwamba Ijumaa iliyopita, baada ya sala ya alasiri, alisimama penye mlango wa msikiti akamlaani Sultani. Wapelelezi wawili walisema wamemsikia kwa masikio yao, na adhabu ya jambo hilo ilikuwa kifo.

Sabiha alipopata habari alijua kwamba ni uongo. Ijumaa ile alikuwa nyumbani kwa Ghanimu, akimzalisha mke wa mwanawe. Mtoto alitanguliza miguu badala ya kichwa, na mzee hakubanduka mlangoni tangu adhuhuri hadi jua lilipozama. Aliswali palepale, akawa anauliza, "Bado, mama? Bado?"

Rukunu alimjia akamwona anafunga buibui. "Unakwenda wapi, dada?"

"Kwa Kadhi."

"Umemsahau mwanangu?"

"Wallahi sijamsahau."

"Basi nyamaza. Hakuna aliyekuita. Haki hii ya kusema tumepewa na Sultani. Ukiitumia dhidi ya liwali wake atatunyang'anya, turudi kule kule. Na yote kwa ajili ya Ghanimu?"

Sabiha alilia. Kisha akasema, "Dada yangu, Mwenyezi Mungu ataniuliza niliona nini. Hataniuliza nilimpenda nani."

Rukunu akageuza uso. Sabiha akatoka peke yake.

Mahakamani, aliposhuhudia aliyoyaona, liwali alisimama kwa ghadhabu. "Mwanamke huyu! Ni nani aliyewapa nyinyi watu wa mtaa wa chini ruhusa ya kushuhudia, kama si Sultani?"

Sabiha alijibu, macho yake yako chini, "Ni yeye, bwana, Mungu amlipe kheri. Alituruhusu kusema kweli. Hakutuambia tuseme ile tu inayompendeza."

Kadhi Nadhiri akaamuru wapelelezi watengwe, akamhoji kila mmoja peke yake. Wa kwanza alisema mzee alikuwa na watu wengi waliomsikiliza. Wa pili alisema alikuwa peke yake akinung'unika. Kadhi akasema, "Mwachieni huru."

"Utajibu mbele ya Sultani," akasema liwali.

"Na Sultani atajibu mbele ya nani?" akauliza Kadhi, kisha akainuka kwenda kuswali.

Wanasema Sultani aliposomewa habari ile aliagiza asomewe tena. Alimwondoa Kadhi Nadhiri akampeleka mji wa mbali, maana neno lile lilimchoma. Lakini hukumu hakuitengua, na akaamuru kwamba katika miji yake yote mtu asifungwe kabla ya kusikilizwa mbele ya kadhi.

Ama Sheikh Ghanimu, alikwenda mtaa wa chini kwa fimbo yake. Hakwenda kwa Sabiha kwanza. Alisimama mlangoni kwa Rukunu, akasema, "Binti yangu, nilikudhulumu, na sina cha kukurudishia." Rukunu alimtazama mzee yule akitetemeka juani, kisha akamsogezea kigoda aketi.

Ndugu zangu, mtawala mwenye nguvu aweza kuwa rehema kwa mnyonge, na aweza kuwa msiba kwa wote. Tumwombee uadilifu, lakini tusidhani dua yatosha. Hajarani ilisalimika kwa sababu mwanamke mmoja alimtolea adui yake haki ile ile aliyonyimwa naye. Mwenyezi Mungu amrehemu Sabiha, na atujaalie ndimi zisizochagua wa kumsemea kweli.