Zimwi Aliyekataa Siku ya Tatu

Paukwa!

— Pakawa!

Palikuwa na nini?

— Palikuwa na mgeni na sahani!

Na sahani ilikuwa tupu, maana mgeni huyo alikuwa mlafi kama mimi. Msicheke. Nimefika kwenu jana, na mchana huu nimefagia wali wenu mpaka paka akakosa hata punje. Basi tulieni, mlafi awasimulie habari za mlafi mwenzake.

Hapo zamani za kale, katika nchi ya Ngurunga, jua lilikuwa bado linatembea kwa miguu. Asubuhi lilipita kijijini likiburuta shuka lake, jioni likaenda kulala.

Katika kijiji hicho cha wanyama Kanga alikuwa ameatamia mayai saba. Zilibaki siku mbili tu. Siku ya tatu yangeanguliwa.

Asubuhi hiyo akaja Zimwi. Tumbo lake pipa, mikono yake mirefu kama kamba ya kisima.

"Hodi!"

"Karibu, mgeni!"

Akapikiwa ugali wa mtama na kunde, akala. Siku ya pili akapikiwa, akala. Mnaijua desturi: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Zimwi naye aliijua. Jioni ya siku ya pili akanyoosha mikono, akalikamata jua kwa pindo la shuka, akalivuta kinyumenyume mpaka ikawa tena asubuhi ya jana.

"Hodi!" akasema, kama ndiyo kwanza anafika.

"Karibu, mgeni!" wakaitikia. Wangefanyaje? Siku ya kwanza ni siku ya kwanza.

Kila kitu kilirudi. Umande ulirudi, jogoo akawika upya. Kitu kimoja tu hakikurudi: kilichoingia tumboni mwa Zimwi. Ghala likapungua, likapungua, likapungua.

Kanga akalia. "Wanangu wananigonga kwa ndani, lakini siku yao haifiki! Mtama ukiisha nitawaacha nikatafute chakula, nao watapoa wafe."

Wanyama wakakaa kikao. Kobe akasema, "Tumpe jembe leo leo."

"Siku ya pili? Aibu!" wakamzomea. Ndivyo tulivyo. Tuko radhi kufa njaa, mradi jirani asiseme tumemnyima mgeni.

Fisi akasema, "Niachieni mimi. Nitashindana naye kula mpaka aone haya." Akala naye siku mbili, kisha akasema mpango wake ni mzuri ila unahitaji siku zaidi. Fisi huyo nadhani ni ndugu yangu wa damu.

Sungura akamwambia Zimwi, "Bwana, leo ni siku ya tatu." Zimwi akahesabu vidole. "Jana moja, leo mbili. Sahani iko wapi?"

Ahsante, shemeji Mwajabu, weka hapo hapo. Mimi hula bila kutazama, ndiyo maana nimefanana na pipa.

Basi ukabaki mtama wa sufuria moja. Kanga akamwomba Bata amlalie mayai kidogo, akapika ugali, akauacha ushike chini. Zimwi akapewa sahani yake. Kanga akakaa mlangoni akitafuna: kwaru, kwaru, kwaru.

"Unatafuna nini?" akauliza Zimwi.

"Ukoko."

"Mbona mimi sikupewa?"

"Mgeni apewe ukoko? Tutakuwa tumekudharau. Ukoko ni wa wenyeji."

Kwaru, kwaru. Zimwi akameza mate. "Nipe kidogo tu."

"Ni wa wenyeji."

Kwaru, kwaru, kwaru. Zimwi akashindwa. "Basi mimi si mgeni! Mimi mwenyeji!"

"Mmesikia?" akauliza Kanga.

"Tumesikia!" wakajibu wanyama wote.

Akampa ukoko, Zimwi akaumeza. Halafu akampa jembe. "Mwenyeji hahesabiwi siku. Shamba lile kule."

Zimwi akacheka, akalivuta jua mpaka jana asubuhi. "Hodi!"

"Ndugu yetu, unapiga hodi kwako?" akasema Kanga. "Kilichoingia tumboni mwako hakirudi nyuma, na ukoko umo humo. Jembe hili hapa."

Zimwi akalima siku mbili, akalivuta jua. Akakuta jembe mlangoni. Akalima siku mbili, akalivuta tena. Akakuta jembe mlangoni. Akalima siku mbili, akanyoosha mikono alivute mara nyingine. Lakini viganja vyake, kama tumbo lake, havikuwa vikirudi nyuma: vilikuwa malengelenge matupu, na shuka la jua likamponyoka. Jua likaenda zake kulala.

Kukapambazuka siku ya tatu. To! To! To! Mayai yote saba yakapasuka, vifaranga wakatoka wakilia njaa, na shamba lilikuwa limelimwa tayari. Kanga akalia tena, safari hii kwa furaha.

Mafunzo ni haya, wanangu: mheshimuni mgeni, lakini msiifanye heshima kamba ya kujinyongea. Na mlafi hahitaji mtego, kinywa chake kinamtosha.

Hadithi yangu imefika ukingoni mwa sahani. Ikiwa tamu, itafuneni. Ikiwa chungu, mlaumuni mpishi. Na kwa habari ya mpishi, shemeji, hiki ulichoniwekea nikiwa nasimulia ni kitamu kweli, na kinalia vizuri mdomoni, kwaru, kwaru…

Mbona watoto wanacheka? Shemeji, hiki ni nini?

— Ukoko!

Lo! Na nimeshameza.

Haya. Jembe liko wapi?